Je, Wajua? Miaka ya Mchezaji Katika NBA

Mchezaji wa mpira wa kikapu anayeingia NBA, ligi kuu ya kulipwa ya Marekani, hudumu humo kwa wastani wa takribani miaka 4.5. Mashabiki wengi hawaamini, maana sura wanazozijua ni za wakongwe. LeBron James aliingia mwaka 2003 na mwaka 2025 akaanza msimu wake wa 23, idadi ambayo hakuna mwingine aliyewahi kuifikia. Vince Carter alicheza misimu 22, Robert Parish 21, Kareem Abdul-Jabbar 20. Televisheni huwarudia hao kila siku. Aliyekaa msimu mmoja na nusu hakumbukwi hata na waliomshangilia.

Lawama hutupiwa majeraha, na si bure. Yao Ming wa China, mwenye urefu wa mita 2.29, alistaafu mwaka 2011 akiwa na miaka 30 tu kwa sababu mifupa ya miguu ilikuwa ikivunjika kila mara. Lakini goti na wayo havitoshi kueleza wastani mfupi hivyo. Kinachoueleza zaidi ni hesabu ya nafasi.

Timu ni 30, na kila moja inaruhusiwa wachezaji 15 wa mkataba kamili, yaani nafasi 450. Kila mwaka, kwa kawaida mwezi Juni, timu huchagua chipukizi wapatao 60, na wengine huingia bila kuchaguliwa. Nafasi haziongezeki, kwa hiyo kila anayeingia kuna anayetoka. Wakiingia 60 tu kwa mwaka, wastani wa kukaa utakuwa miaka 7.5; wakifika 100, utashuka hadi 4.5, hata kama hakuna aliyeteguka kifundo cha mguu mwaka mzima. Isitoshe, wastani huo huchanganya wengi wanaoondoka baada ya msimu mmoja au miwili na wachache wanaozeekea humo.

Mikataba nayo huchagua wakati wa kuwatoa. Aliyechaguliwa katika raundi ya kwanza huhakikishiwa mshahara wa misimu 2; wa tatu na wa nne hutegemea uamuzi wa timu. Wa raundi ya pili hana uhakika huo. Kuanzia Januari 5 upo pia mkataba wa siku 10: timu ikishampa mchezaji miwili ya namna hiyo, ama imsajili hadi mwisho wa msimu ama imwache aende zake. Tena kima cha chini cha mshahara hupanda kadiri mchezaji anavyoongeza miaka ligini, hadi anapotimiza 10. Uzoefu, badala ya kumlinda, humfanya kuwa ghali kuliko kijana anayekaa naye benchi. Ligi ililiona hilo, na sasa mkongwe akisaini mwaka mmoja kwa kima cha chini, sehemu ya mshahara wake hulipwa na ligi yenyewe ili timu isimkimbie.

Kwa kipimo cha wastani wa miaka 4.5, Hasheem Thabeet anastahili kuhukumiwa upya. Mzaliwa huyu wa Dar es Salaam, Mtanzania wa kwanza kucheza NBA, alichaguliwa wa pili mwaka 2009 na Memphis Grizzlies, mbele ya James Harden na Stephen Curry, ambao mwaka 2025 walikuwa bado uwanjani. Katika msimu wake wa kwanza alipelekwa ligi ya kukuzia vipaji, jambo ambalo halikuwahi kumpata mchezaji aliyechaguliwa juu kiasi hicho. Akapitia Houston, Portland na Oklahoma City, na mwaka 2014 NBA ikawa imekwisha kwake. Nyumbani husemwa kwamba alishindwa. Misimu yake 5 imeupita wastani wa ligi. Kilichoshindwa ni malezi ya mchezo wenyewe nchini.

Warefu wanaoishi kwa kuzuia hudumu wakipata timu inayowahitaji. Dikembe Mutombo wa Kinshasa alianza akiwa na miaka 25, akacheza misimu 18 hadi goti lilipomwangusha mwaka 2009, akiwa na miaka 42. Bismack Biyombo wa Lubumbashi, aliyechaguliwa wa saba mwaka 2011, hakuwahi kuwa mfungaji mkubwa, lakini alidumu zaidi ya miaka 10. Januari 2022 Phoenix Suns walimrudisha ligini kwa mkataba wa siku 10. Alisalia, na mshahara wa msimu huo akautoa kujenga hospitali Kongo kwa kumbukumbu ya baba yake.

Kutoka NBA si kuacha mpira. Zipo ligi za Hispania, Uturuki, Ugiriki, China. Thabeet mwenyewe alicheza Japani na Taiwan, na tangu 2021 ipo Ligi ya Kikapu ya Afrika iliyoanzia Kigali. Wengine huwa makocha, watangazaji, mawakala, wafanyabiashara.

Pensheni ya NBA hupewa aliyetimiza misimu 3. Mwenye miwili hapati.