Neno "Amri" na Mipaka ya Kuidharau Mahakama

Katika nchi ya milima ya Buha, neno amri lilichukua mizigo miwili kwa muda mrefu. Sheria ya Serikali za Wenyeji ya 1926 ilimpa mwami uwezo wa kutoa amri na kuweka kanuni, na mwami huyo huyo ndiye aliyekaa barazani kuamua mashauri. Basi huko Heru, katika Kasulu, na Muhambwe, katika Kibondo, aliyekaidi amri ya kilimo na aliyekataa hukumu walisimama mbele ya kiti kimoja. Kumkaidi mtawala na kumdharau hakimu hakukuwa na mpaka ulio wazi.

Uchifu ulifutwa 1963, lakini neno lilibaki na maana zake zote mbili. Kanuni ya Adhabu hutenga kosa la kuidharau mahakama na kosa la kukaidi amri halali ya mwenye mamlaka. (Hata kanuni lina utata wake: Kanuni ya Adhabu ni sheria kamili, si kanuni iliyowekwa na waziri.) Mkuu wa wilaya akifunga mnada kwa amri halali, anayeuza siku hiyo huenda amekosa, lakini hajaidharau mahakama, kwa kuwa mahakama haijasema neno.

Jambo huwa gumu zaidi Serikali yenyewe inaposhtakiwa kwa ajili ya kanuni iliyoziweka. Sheria ya Mashauri dhidi ya Serikali ya 1967 hairuhusu zuio juu ya Serikali katika madai ya kawaida. Badala yake mahakama yaweza kutoa tamko la haki. Tamko halimwamuru mtu kutenda wala kuacha. Afisa anayeendelea kuitumia kanuni iliyotamkwa kuwa batili hutenda bila nguvu ya sheria. Lakini kumtia hatiani kwa dharau ni shida, maana hakuna amri aliyoivunja. Ndiyo sababu waombaji wengi huchagua njia nyingine, ya kuiomba Mahakama Kuu iitangue kanuni au imwamuru afisa: hapo amri ipo, na ukaidi waweza kupimwa.

Uingereza ilionyesha tofauti hiyo 1993. Mwalimu mmoja aliyeomba hifadhi alirudishwa Zaire 1991. Jaji akaamuru arejeshwe, na Waziri wa Mambo ya Ndani akaufuta mpango wa kumrejesha. Malodi walikata shauri ya kwamba cheo cha waziri huyo kilikuwa kimeidharau mahakama. Kambi ya Nyarugusu, Kasulu, imewapokea watu wa nchi hiyo hiyo tangu 1996, nao huishi chini ya Sheria ya Wakimbizi ya 1998 na masharti yake ya kutoka kambini. Kwa mtu wa namna hiyo, tofauti ya tamko na amri yaweza kuwa tofauti ya kubaki na kuondolewa.

Tangu sheria ya 2021 ilipokifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na ya mahakama, wafasiri hawana budi kuchagua. Dharau, katika usemi wa kila siku, ni hali ya moyo na ya ulimi: kumcheka hakimu, kumjibu kwa kiburi. Afisa mwenye adabu nyingi, ainamaye mbele ya jaji kisha asitekeleze, haingii vizuri katika neno hilo. Yafaa aitwe mkaidi wa amri ya mahakama, na dharau iachiwe kazi yake ya barazani.