Nani Analipia Kamera?

Ukitaka kutazama fainali ya kikapu ya shule za sekondari za Marekani, swali la kwanza ni: ya jimbo gani? Kule hakuna mashindano ya nchi nzima yaliyo chini ya serikali, mfano wa UMISSETA yetu ya Tanzania, ambako mikoa hukutana na mmoja ukaondoka na kombe la taifa. Kila jimbo lina chama chake cha michezo ya shule, na kila chama kina kanuni zake, madaraja yake na mabingwa wake. Kwa hiyo kila mwaka, hasa mwezi Machi, huchezwa fainali nyingi mno, za wavulana na za wasichana, na siku hizi karibu zote zinaweza kutazamwa, iwe kwenye runinga au kwenye simu.

Lakini hazionekani kwa namna moja. Kwa kuzifuatilia nimeshawishika kwamba unachokiona katika fainali hizi kinategemea sana nani amelipia kamera. Mlipaji ndiye anayeamua kamera imfuate nani, ikae wapi, na nani abaki nje ya mlango. Ili kulieleza hilo vizuri, inafaa kwanza tuuelewe mchezo wenyewe.

Mechi ya sekondari ina robo nne za dakika nane, jumla dakika 32. Mechi ya kimataifa ni dakika 40, ya NBA ni 48. Ufupi huo hubadilisha kila kitu. Nyota akipata faulo mbili katika robo ya kwanza, kocha humkalisha benchi, kwa maana faulo ya tano itamtoa kabisa, na kukaa benchi dakika sita ni kupoteza karibu sehemu moja ya tano ya mechi. Halafu mashindano ni ya mtoano. Ukifungwa mara moja umeaga, na kwa mwanafunzi wa mwaka wa mwisho kuaga huko ni kuivua jezi ya shule moja kwa moja. Wengi wao hawatacheza chuoni. Ukiona kijana wa miaka 18 analia mbele ya kamera baada ya nusu fainali, anachokililia ni hicho.

Jambo linalowachanganya zaidi watazamaji waliozoea NBA ni saa. Shirikisho linalounganisha vyama vya majimbo, NFHS, lenye makao yake Indianapolis, liliruhusu saa ya shambulizi, yaani muda ambao timu lazima irushe mpira kikapuni, ya sekunde 35 kuanzia msimu wa 2022–23, ila uamuzi liliuacha kwa kila jimbo. Baadhi ya majimbo yameikubali, mengine bado. Pale ambapo haipo, timu inaweza kuushika mpira na kupasiana mbali na kikapu hadi dakika ziishe. Mgeni huona mchezo umelala. Anayejua huangalia miguu ya walinzi: nani anaanza kukosa subira, nani ataruka kuuwania mpira na kuacha mwanya nyuma yake.

Mfano mkubwa kuliko yote wa subira hiyo ni fainali ya Indiana ya mwaka 1954. Shule ya Milan, iliyokuwa na wanafunzi 161 tu, ilikutana na Muncie Central, shule kubwa yenye historia ya makombe. Katika robo ya mwisho Bobby Plump wa Milan alisimama na mpira mkononi kwa zaidi ya dakika nne bila kushambulia, tena timu yake ikiwa nyuma. Mwishowe, matokeo yakiwa 30–30, ndiye aliyerusha mpira wa ushindi. Milan 32, Muncie 30. Picha za mechi hiyo zingalipo, na mwaka 1986 kisa hicho kilizaa filamu ya Hoosiers. Lililowezesha kisa hicho ni kwamba Indiana wakati huo ilikuwa na daraja moja: shule ya kijijini na shule ya mjini ziliingia katika kapu moja. Kuanzia msimu wa 1997–98 jimbo liligawa shule katika madaraja manne kwa idadi ya wanafunzi. Plump mwenyewe alikuwa miongoni mwa waliopinga hadharani. Mimi nawaelewa waliotaka madaraja, maana shule ndogo zilikuwa zinakwenda kufungwa mwaka hadi mwaka. Hata hivyo, kwa mtazamaji, fainali nne za siku moja hazina uzito wa moja. Kentucky bado inashikilia mfumo wa zamani: mikoa 16, mabingwa 16, daraja moja, wote wakikutana Rupp Arena mjini Lexington. Anayetaka kuanza kutazama fainali hizi, ningemshauri aanzie hapo.

Sasa turudi kwenye kamera. Watu wengi hudhani runinga iligundua kikapu cha sekondari kupitia kwa wavulana wenye vipaji vikubwa. Ukweli ni kwamba mojawapo ya mashindano ya kwanza kabisa kujengwa kwa ajili ya runinga yalikuwa ya wasichana, huko Iowa. Fainali zao zilianza kurushwa mwaka 1951. Wasichana wa Iowa walicheza mtindo wa watu sita kila upande: washambuliaji watatu walibaki nusu moja ya uwanja, walinzi watatu nusu nyingine, hakuna aliyevuka mstari wa kati, na mchezaji hakuruhusiwa kuudunda mpira zaidi ya mara mbili. Mtindo huo ulitokana na dhana ya zamani kwamba mwili wa msichana hauwezi kukimbia uwanja mzima. Dhana ilikuwa potofu, lakini matokeo yake kwenye skrini yalikuwa mazuri ajabu. Wachezaji sita tu ndani ya nusu uwanja, mpira hauchezewi chini kwa muda mrefu, pasi ni za haraka na vikapu vinafungwa mfululizo. Kamera moja ilitosha kuona yote.

Iowa ilikuwa na chama cha peke yake kwa ajili ya wasichana, na kiongozi wake wa miaka mingi, E. Wayne Cooley, aliyafanya mashindano yale kuwa tamasha la jimbo zima. Kilele chake ni fainali ya 1968 mjini Des Moines. Union-Whitten iliifunga Everly 113–107 katika muda wa ziada. Denise Long wa Union-Whitten alifunga pointi 64, na Jeanette Olson wa Everly alifunga 76 na bado akapoteza. Mwaka uliofuata klabu ya San Francisco Warriors ilimchagua Long katika usajili wa wachezaji wapya wa NBA, ingawa ligi iliufuta uchaguzi huo. Katika miaka ileile, wasichana wa majimbo mengi hawakuwa hata na timu rasmi ya shule. Wale wa Iowa walijulikana kwa majina hadi mashambani, kwa sababu chama chao kiliamua kwamba mchezo wao unastahili kamera na kikaisimamia kazi hiyo chenyewe.

Kamera ina mipaka pia. Mwaka 1955, mwaka mmoja baada ya Milan, Crispus Attucks ya Indianapolis ilitwaa ubingwa wa Indiana ikiwa na nyota wake Oscar Robertson. Ilikuwa shule iliyofunguliwa mwaka 1927 ili wanafunzi weusi watengwe na weupe, na ikawa shule ya kwanza ya weusi watupu nchini Marekani kushinda ubingwa wa jimbo ulio wazi kwa shule zote. Mechi ilionekana na watu wengi. Kilichofuata hakikuwa sehemu ya mechi: msafara wa ushindi haukuachwa ushereheke katikati ya mji kama ilivyokuwa desturi, ukaelekezwa kwenye bustani ya mtaa wa weusi. Robertson alibaki na jeraha hilo maisha yake yote na amelieleza mara nyingi. Mtazamaji wa fainali aliona mabingwa wakishangilia uwanjani, basi. Matangazo hukoma pale mkataba unapokoma.

Mabadiliko makubwa yalikuja tarehe 12 Desemba 2002. Chaneli ya michezo ya ESPN2 ilirusha kwa nchi nzima mechi ya St. Vincent-St. Mary ya Akron, Ohio, dhidi ya Oak Hill Academy ya Virginia. Haikuwa fainali ya chochote. Ilirushwa kwa sababu ya kijana mmoja wa miaka 17, LeBron James, aliyefunga pointi 31 na timu yake ikashinda 65–45. Msimu huohuo kampuni ya kebo ya Ohio iliuza mechi za timu hiyo nyumba kwa nyumba, mtazamaji akilipia mechi moja moja. Kisha, Januari 2003, chama cha michezo cha Ohio kilimfungia kijana huyo kwa sababu duka moja lilimpa bure jezi mbili zenye thamani ya dola 845. Mahakama ikamrudisha uwanjani, na Machi timu yake ikatwaa ubingwa wa daraja lake. Weka mambo hayo mawili pamoja: sura yake iliuzwa sebuleni kwa watu, na yeye akaadhibiwa kwa jezi mbili. Sioni namna ya kulitetea hilo.

Madhara yake kwa mtazamaji yalikuwa mengine. Runinga ya kitaifa, kwa kuwa inalipwa na watangazaji wa biashara, inahitaji jina. Kamera humfuata mwenye jina hata akiwa benchi, na mtangazaji huzungumzia NBA mechi ikiendelea. Wachezaji wengine wanne wanageuka kuwa pazia la nyuma. Mwaka mmoja kabla, katika fainali ya Ohio ya 2002, LeBron huyohuyo alifungwa na Roger Bacon ya Cincinnati, timu isiyokuwa na mtu wa kiwango chake. Ukiitazama mechi ile kwa jicho la kumsaka nyota, hutaelewa kamwe ilivyopotea.

Kuna njia nyingine, isiyo na mbwembwe, na ndiyo ninayoipenda. Pennsylvania ina PCN, chaneli isiyo ya kibiashara inayogharimiwa na kampuni za kebo za jimbo, ambayo hurusha fainali zote, wavulana na wasichana, madaraja yote sita, kutoka Giant Center mjini Hershey. Huko Nebraska kazi hiyo hufanywa na chaneli ya umma ya jimbo. Hapo shule ya kijiji hupewa kamera zilezile, watangazaji walewale na muda uleule kama shule ya jijini. Mtangazaji amejifunza kutamka majina ya wachezaji wote, hata yule atakayeingia dakika mbili za mwisho.

Katika fainali ya Hershey ya 2019, daraja la juu kabisa, bingwa alikuwa Kennedy Catholic, shule ndogo ya mji wa Hermitage iliyoomba yenyewe kupanda kutoka daraja la chini kabisa. Nguzo yao chini ya kikapu alikuwa Oscar Tshiebwe, mzaliwa wa Lubumbashi. Miaka mitatu baadaye, akichezea Kentucky, alitajwa mchezaji bora wa vyuo vya Marekani. Kabla yake, Hasheem Thabeet wa Dar es Salaam alisomea na kuchezea Cypress Christian School ya Houston, kisha mwaka 2009 akachaguliwa wa pili katika usajili wa NBA. Jonathan Kuminga wa Goma naye alipitia shule za West Virginia, New York na New Jersey. Kwa hiyo fainali hizi zina watazamaji wake Lubumbashi, Goma na Dar, na hata mitaani Lexington kwenyewe, wanakoishi Wakongo wengi wanaozungumza Kiswahili.

Hao wa mbali ndio walioguswa zaidi na hatua ya karibuni. Mwaka 2013 NFHS na kampuni ya PlayOn walianzisha NFHS Network, huduma ya mtandaoni ya kulipia kwa mwezi au mwaka. Shule nyingi zimefungiwa ukutani kamera zisizo na mpigapicha, nyingi zikiwa za Pixellot ya Israel: lenzi kadhaa huunganisha picha ya uwanja mzima, na programu huamua yenyewe iangalie wapi. Imekosea mara nyingine. Oktoba 2020, katika mechi ya kandanda ya Inverness huko Scotland, kamera ya aina hiyo iliacha mpira ikafuata kipara cha mshika kibendera. Siku nyingi hufanya kazi vizuri, na imefungua milango ambayo hakuna runinga ingeifungua. Mechi ya mtoano ya raundi ya kwanza, katika mji ambao hakuna mwandishi anayekwenda, sasa ina picha.

Picha hizo zinahitaji kutazamwa kwa namna yake. Mara nyingi hakuna mtangazaji, hakuna marudio, jina la mchezaji halitajwi. Tafuta orodha ya wachezaji kabla ya mechi na uwajue kwa namba za jezi. Sikiliza ukumbi: kelele hupanda kabla kamera haijageuka. Hesabu faulo za timu, kwa kuwa tangu msimu wa 2023–24 kanuni ya NFHS ni kwamba timu ikifikisha faulo tano katika robo, mpinzani hupewa mitupo miwili ya bure, na hesabu huanza upya robo inayofuata. Kocha makini hubakiza faulo moja au mbili kwa sekunde za mwisho, azitumie kuvuruga shambulizi bila kutoa mitupo.

Suala la bei ndilo linaloniuma. Mechi inayoanza saa mbili usiku Lexington huanza saa nane usiku Lubumbashi na saa tisa Dar es Salaam. Mzazi anayekesha kumwona mwanawe anahitaji kadi ya benki inayokubalika Marekani, usajili wa mwezi mzima kwa mechi moja, na bando la intaneti juu yake. Raundi za mwanzo zina gharama ambazo lazima mtu azibebe, nakubali. Lakini fainali yenyewe ina viingilio, ina wadhamini, na wanaocheza ni wanafunzi wasiolipwa na chama. Nebraska imeonyesha kwamba inaweza kurushwa bure kwa kila mtu. Vyama vingine navyo viiweke wazi mtandaoni, bila kadi, popote mtazamaji alipo.