Simu inapokataa kuitika

JE, msomaji, umewahi kumwita mtu aliye karibu nawe, ukamwita tena na tena, naye akanyamaza kana kwamba hujasema neno? Hayo ndiyo yaliyomfika nyanya yangu, Kukhu kama tunavyomwita kwetu Tongaren, usiku mmoja wa Desemba mwaka jana. Aliyekataa kumwitikia hakuwa mtu bali simu.

Kukhu ana mtoto wa jicho katika macho yote mawili. Tarehe ya kupasuliwa amekwisha kupewa, lakini kwa sasa haoni herufi wala nambari kwenye kioo cha simu. Ndiyo sababu tulimnunulia simu ya kisasa yenye msaidizi wa sauti, ile ambayo unaiita kwa maneno, inaitika, kisha unaiamuru impigie fulani. Alijifunza sentensi moja tu ya Kiingereza, ya kumpigia mama yangu anayeishi Kitale, akaishika barabara kama mtoto anavyoishika sala ya chakula.

Usiku huo ng'ombe wake alishikwa na uchungu, na ndama alikuwa amekaa vibaya. Kukhu akaiita simu. Kimya. Akaita tena kwa sauti ya juu. Kimya vilevile. Hatimaye alichukua bakora yake, akatoka gizani akipapasa ua la kei hadi kwa jirani, mwendo ambao hata mchana humchukua dakika kumi. Ndama alipona. Kukhu alirudi na goti lililochubuka hadi likavimba.

Kulipokucha kila mtu alikuwa na lake la kusema. Jirani alidai simu imekufa. Fundi mmoja wa Kitale, alipoelezwa mambo hayo kwa simu nyingine, alisema bila kusita kwamba maikrofoni imeungua na sharti iwekwe mpya. Nami, kwa kuwa ndimi niliyeitayarisha simu hiyo, nilipanda basi kutoka Nairobi nikafika Jumamosi.

Kabla sijakueleza nilichokikuta, yafaa ujue jinsi kifaa hiki kinavyosikia. Wengi wetu hudhani kwamba simu inatusikiliza kama mtu anavyosikiliza. La hasha! Inapokaa kimya, kuna sehemu ndogo ndani yake, inayokula betri kidogo sana, ambayo hungojea maneno ya kuiamsha tu. Katika simu nyingi za Android maneno hayo ni "Hey Google". Katika iPhone ni jina la Siri, msaidizi aliyeanza kutumika humo mwaka wa 2011. Ikishayasikia ndipo inapozinduka, ikayachukua unayosema baadaye na, aghalabu, ikayatuma kwa intaneti hadi kwenye kompyuta kubwa zilizoko mbali. Huko ndiko yanakofasiriwa, na jibu hurudi kabla hujameza mate.

Kwa hivyo kunyamaza si kwa namna moja. Ikiwa simu yako inazinduka, taa au mlio wake ukaonekana, kisha inakuomba radhi kwamba haiwezi, basi masikio yake ni mazima na taabu iko njiani: bando limekwisha, au mtandao umefifia chini ya mabati. Toka nje, au fungua ukurasa mwingine wowote wa intaneti uone kama utafunguka. Lakini ikiwa haizinduki kabisa, kama ilivyokuwa ya Kukhu, usihangaike na bando. Tazama masikio, kisha tazama ruhusa.

Masikio hupimwa kwa njia rahisi ambayo nashangaa mafundi wengi hawawaambii wateja. Fungua programu ya kurekodi sauti, sema maneno machache, kisha jisikilize. Desemba kwetu ni msimu wa kupukuchua mahindi, na vumbi la makapi huingia hata kwenye chai. Simu ya Kukhu hukaa mfukoni mwa aproni yake, pamoja na unga na tumbaku ya kunusa. Nilipoichunguza, kile kitundu kidogo cha chini, kando ya mahali pa kuchajia, kilikuwa kimezibwa nusu. Nilikisugua polepole kwa mswaki mkavu, laini. Tafadhali usitumie sindano, kwa maana nyuma ya kitundu hicho ndipo maikrofoni ilipo, na sindano itaitoboa. Kava pia inaweza kuziba kitundu, hasa ile iliyonunuliwa kwa ajili ya simu ya aina nyingine.

Nilirekodi, nikasikiliza. Sauti ilikuwa safi. Nikamwita msaidizi. Kimya! Basi maikrofoni ilikuwa nzima, na ile mpya ya fundi ingekuwa hasara tupu.

Hapo nikafanya jaribio la pili. Nilibonyeza kitufe cha kuwashia simu nikakishikilia, njia nyingine ya kumzindua msaidizi bila kumwita. (Simu nyingine hutumia kitufe cha chini ya kioo.) Akazinduka papo hapo, akangoja amri. Kumbe alikuwepo muda wote, ila alikuwa amekatazwa kusikiliza jina lake.

Aliyemkataza ni nani? Nilitelezesha kidole kutoka juu ya kioo, nikaona swichi inayoitwa Kiokoa Betri imewashwa. Moyo ulinidunda. Mwezi wa Novemba nilipokuwa nyumbani, stima ilipotea siku mbili, nami kabla ya kurudi Nairobi nikaiwasha swichi hiyo kwa mkono wangu, nikidhani namfanyia ajuza wema. Kiokoa Betri, ili kupunguza matumizi, huiachisha simu kungojea yale maneno ya kuiamsha. Mhalifu, msomaji, ni mimi.

Sikumficha. Kukhu alinyamaza kidogo, akauliza, "Kwa hivyo ni wewe uliyeiziba masikio?"

"Ndiyo, Kukhu. Nisamehe."

"Nimekusamehe. Lakini wiki hii wewe ndiwe utakayekata nyasi za ng'ombe."

Nilizikata, na viganja vyangu ni mashahidi.

Kiokoa Betri si mchawi pekee. Simu za Android kuanzia toleo la 12 zina swichi moja inayoweza kuifungia maikrofoni kila programu kwa mpigo. Kidole cha mtoto anayechezea simu kinatosha kuibonyeza. Nenda kwenye Mipangilio, tafuta ruhusa za programu, uhakikishe kwamba programu ya Google imeruhusiwa kutumia maikrofoni. Wenye iPhone nao wakumbuke kwamba ikilazwa kifudifudi mezani, haiitikii ikiitwa. Vilevile kuna mabadiliko ambayo hayakuletwa na yeyote nyumbani. Mnamo Machi 2025 Google ilitangaza kwamba Gemini itachukua nafasi ya Mratibu wa Google, msaidizi wake wa tangu 2016, katika simu nyingi. Mtu aliyezoea yule wa kwanza aweza kuamka akakuta mwenyeji mpya asiyefanya mambo kwa desturi zilezile. Mara nyingine dawa ni ndogo kuliko hayo yote: izime simu, uiwashe tena, na usasishe programu.

Tulidhani tumemaliza. Nikazima Kiokoa Betri, nikaita, msaidizi akaitika. Akaita Kukhu, kimya! Nilitaka kulia. Kisha nikakumbuka kwamba nilipoitayarisha simu, sauti niliyoisajili ilikuwa yangu. Kuna kipengele kiitwacho Voice Match ambacho huifundisha simu sauti ya mwenyewe kwa kumtaka ayarudie maneno kadhaa yanayoandikwa kwenye kioo. Kwa kuwa mimi ndimi niliyeyasoma, simu ilikuwa ikinitambua mimi, na mama wa watu ikimtambua kwa bahati tu, akiwa karibu na hali ikiwa tulivu.

Sasa kumfundisha simu mtu asiyeona kioo ni kazi. Nilipomnong'oneza maneno sikioni ili ayarudie, simu ilidaka mnong'ono wangu. Tukaanza upya. Mara ya pili jogoo aliwika. Hatimaye niliizima kabisa, tukakaa chini ya mparachichi tukiyakariri maneno hayo kama wanafunzi wa darasa la kwanza, hata akayajua kwa moyo. Tulipoiwasha aliyasema mfululizo, kwa matamshi yake ya Kibukusu, bila kuiga mtu. Simu ikayakubali.

Huenda unajiuliza kwa nini ajuza wa Tongaren alazimike kukariri Kiingereza ili apate kumpigia bintiye. Swali hilo ni la haki. Kiswahili kiliingizwa katika huduma ya Google ya kuandika kwa sauti mwezi wa Agosti 2017, na Julai 2023 kikawa miongoni mwa lugha za Bard, ambayo Februari 2024 ilibadilishwa jina ikawa Gemini. Lakini kuandika unayoyasema ni jambo moja, na kuzinduliwa kwa lugha yako ni jingine. Hata saa zetu huleta utata: ukitaka kuamshwa saa moja asubuhi, mashine iliyolelewa kwa Kiingereza yaweza kukuamsha saa saba za usiku!

Lugha za nyumbani ndizo zilizo nyuma zaidi, ijapokuwa hazikusahauliwa kabisa. Wasomi wa Maseno, Nairobi na Africa Nazarene walikusanya hazina iitwayo Kencorpus, yenye maandishi na takriban saa 177 za sauti katika Kiswahili, Kijaluo na Kiluhya, na Lubukusu ni mojawapo ya lahaja tatu za Kiluhya walizochagua. Mashine hujifunza kutokana na sauti kama hizo.

Kabla sijaondoka nilinunua kabambe ya vitufe Kitale, ile ambayo betri yake hukaa siku kadhaa. Niliiwekea nambari ya mama kwenye kitufe cha 2 na ya jirani kwenye cha 3. Ukikishikilia kitufe, simu inajipiga. Kitufe cha 5 kina nundu ndogo inayomwongoza kwa kidole hata akiwa gizani. Kabambe hiyo inaning'inia kando ya kitanda chake kwa kamba.

Kukhu aliichukua bila kuisifu. Yeye anaipenda ile inayoitika. Jumatatu iliyofuata, saa kumi na moja alfajiri, mama aliamshwa na simu kule Kitale, akaruka kitandani akidhani kuna msiba.

"Hakuna neno," Kukhu alimwambia. "Nilikuwa naijaribu tu."