Mdaiwa yuko Dar, shamba liko Kilolo: Ukashtaki wapi?

MSIMU uliopita, mkulima mmoja wa vitunguu wa Ruaha Mbuyuni, wilayani Kilolo, aliuza magunia 60 kwa Sh70,000 kila moja. Mnunuzi alitoka Dar es Salaam na lori mpaka shambani, akalipa nusu, na kuahidi kuleta Sh2.1 milioni zilizobaki baada ya wiki mbili. Tangu hapo simu yake haipokewi.

Mkulima huyo aliponijia kwa ushauri, hakuuliza kama atashinda kesi. Aliuliza: “Kaka, itabidi nimfuate huko huko Dar?” Majirani walikuwa wamemwambia kuwa mdaiwa hushtakiwa anakoishi, basi. Alikuwa karibu kusamehe deni.

Hebu tupige hesabu. Tuseme nauli ya kwenda na kurudi, chakula na malazi vinamgharimu Sh120,000 kwa safari moja. Shauri likiahirishwa mara kadhaa akasafiri mara sita, ni Sh720,000. Akimchukua shahidi mmoja katika safari mbili, inakuwa Sh960,000, karibu nusu ya deni. Hapo hatujahesabu siku ambazo shamba linabaki bila mwangalizi. Mdaiwa mjanja anaijua hesabu hiyo, na ndiyo maana hapokei simu.

Kwa bahati nzuri, majirani walimweleza nusu tu ya sheria.

Sheria inasemaje?

Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, iliyotungwa mwaka 1966, inaweka mambo wazi. Mgogoro wa shamba, nyumba au kiwanja husikilizwa mahali mali hiyo ilipo. Madai mengine, yakiwamo ya mikataba, hufunguliwa ama mahali mdaiwa anapoishi au kufanyia biashara, ama mahali ambapo chanzo cha madai kimetokea, hata kama ni sehemu tu ya chanzo hicho. Mahakama ya Mwanzo, inayopokea madeni mengi ya wakulima, ina kanuni zake, lakini msingi wake unakaribiana na huo.

Kwa mkulima wetu, mapatano yalifanyika shambani, mzigo ulikabidhiwa shambani, na fedha zilitakiwa kulipwa hapo hapo. Chanzo cha madai kiko Kilolo. Anayo haki ya kushtaki nyumbani kwake, na mfanyabiashara ndiye atakayepanda basi.

Kampuni nayo huhesabiwa kuwa inafanya biashara ilipo ofisi yake kuu. Lakini madai yakitokea mahali ambapo ina tawi, inaweza kushtakiwa hapo. Mkulima aliyenunua mbegu mbovu kwenye tawi la wilayani kwake halazimiki kwenda makao makuu.

Tahadhari tatu

Kwanza, ukikosea mahakama, mwenzako ataweka pingamizi na hati yako itarejeshwa ili uipeleke panapohusika. Wakati huo saa ya ukomo wa muda inaendelea. Kwa madai ya mkataba ni miaka sita. Sheria inaweza kukuondolea siku ulizopoteza kwenye mahakama isiyohusika, lakini sharti uonyeshe ulikuwa na nia njema na bidii. Na wewe ukishtakiwa mbali kimakosa, toa pingamizi mapema kabisa. Ukinyamaza mpaka rufaa, umechelewa.

Pili, soma mkataba kabla ya kuweka dole gumba. Baadhi ya mikataba ya kilimo ina kipengele kinachosema migogoro yote itaamuliwa katika mahakama za mji fulani. Wahusika hawawezi kuipa mahakama mamlaka isiyokuwa nayo, lakini kati ya mahakama mbili zenye mamlaka wanaweza kuchagua moja. Sahihi yako inaweza kukufunga.

Tatu, hukumu si fedha. Ukishinda Kilolo na mali za mdaiwa ziko Dar es Salaam, hukumu italazimika kupelekwa huko kwa utekelezaji. Kwa hiyo pima: kama ushahidi na mashahidi wako wako nyumbani, shtaki nyumbani. Kama ushahidi ni karatasi tupu na mali yote ya mdaiwa iko mjini, huenda kumfuata huko ni nafuu zaidi.

Dawa ni maandishi

Haya yote yanategemea kuthibitisha nini kilifanyika wapi. Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Mzigo unapoondoka, andika tarehe, idadi ya magunia, bei, mahali mlipopatana na mahali fedha zitakapolipwa. Saini zote mbili ziwepo, na shahidi mmoja. Tunza pia ujumbe wa simu wa malipo na mazungumzo. Tangu Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya mwaka 2015, kumbukumbu za aina hiyo zinaweza kupokelewa mahakamani.

Mkulima wetu alikuwa na ukurasa mmoja wa daftari la shule, ulioandikwa shambani na kusainiwa na mnunuzi. Juu yake paliandikwa “Ruaha Mbuyuni” na tarehe. Maneno hayo mawili yamempunguzia safari ya Dar es Salaam. Shauri amelifungua wilayani kwake.

Mwandishi wa makala haya ni mchumi wa kilimo.