Utangulizi: Mtoto wa Seremala na Darasa la Ushairi

Msomaji aliyelelewa katika vina na mizani akifungua diwani ya Kimarekani ya leo, huanza kwa kuguna: hili nalo ni shairi? Mishororo ni mifupi, vina havipo, sentensi inakatwa katikati na kuendelea mstari wa chini, na kibwagizo hakuna. Mguno huo hatuuonei haya, maana tuliusikia hapa kwetu pia. Euphrase Kezilahabi alipotoa diwani yake ya Kichomi mwaka 1974, wapo waliokataa katakata kuyaita mashairi yale mashairi. Sikusudii kuufufua ugomvi huo. Nataka kumwingiza msomaji katika ushairi wa Marekani wa sasa kupitia mtu mmoja, Yusef Komunyakaa, mshairi na mwalimu. Nimemchagua kwa sababu kwake ni rahisi kuona kwamba aliyeacha vina hakuacha kazi.

Alizaliwa miaka ya 1940 huko Bogalusa, Louisiana, mji ulioanzishwa na biashara ya mbao na baadaye ukategemea kiwanda cha karatasi. Ubaguzi wa rangi ulikuwa ndio sheria. Mwaka 1965 wanaume Weusi wa Bogalusa, wengi wao wafanyakazi wa kiwandani, waliunda tawi la Deacons for Defense and Justice na kushika bunduki kulinda mitaa yao dhidi ya Ku Klux Klan. Kijana wetu aliitwa James William Brown, jina la baba yake. Ukubwani aliliacha akachukua Komunyakaa, ambalo kwa masimulizi ya familia ni la babu aliyetoka Trinidad na kuingia Marekani kwa kujificha melini.

Baba alikuwa seremala, na hapo ndipo pa kusimama kidogo. Katika diwani ya Magic City (1992) kuna shairi, "My Father's Love Letters", ambamo baba huyo, kila Ijumaa baada ya kazi, humwomba mwanawe amwandikie barua kwa mama aliyekimbia nyumba kwa sababu ya kipigo. Baba hajui kuandika zaidi ya jina lake. Lakini mpe mchoro wa jengo, atakuambia kila ukuta utakula matofali mangapi. Wamekaa katika banda la zana, kati ya misumari na nyundo, mmoja akitafuta maneno, mwingine akiyaandika, na mtoto moyoni hana hakika kama angependa mama arudi. Hakuna mahali mshairi anapomhukumu baba, wala anapomsafisha. Anaziweka zana mbele yetu, pamoja na mikono iliyozishika na iliyopiga, basi. Mimi naliona shairi hili kuwa ndilo ufunguo wa kazi yake yote: mtoto alijifunza uandishi akiwa karani wa mtu anayepima kila kitu kwa jicho.

Mwaka 1969 alikuwa Vietnam, akiandikia na kuhariri gazeti la jeshi lililoitwa Southern Cross. Alirudi na nishani ya Bronze Star, akasoma vyuo vya Colorado na kisha California, akatoa vitabu. Ila vita hakuvigusa. Ilipita zaidi ya miaka kumi. Kisha, mnamo 1984, alikuwa akikarabati nyumba New Orleans, juu ya ngazi, wakati wa joto. Karatasi ilikuwa chumba cha pili, kwa hiyo kila mstari uliomjia ulimgharimu kushuka, kwenda kuuandika na kupanda tena. Mstari ambao haukustahili safari hiyo ulibaki hewani. Ndivyo yalivyoanza mashairi ya Dien Cai Dau (1988), na ukiyasoma utaelewa kwa nini ni mafupi na makavu kiasi kile.

Shairi la mwisho kitabuni, "Facing It", linamweka askari wa zamani, Mweusi, mbele ya ukuta wa kumbukumbu mjini Washington. Ukuta huo, uliobuniwa na Maya Lin na kufunguliwa mwaka 1982, ni wa itale nyeusi iliyong'arishwa hadi kuakisi, na umechongwa majina zaidi ya 58,000. Mtu mweusi akisimama mbele ya jiwe jeusi, uso wake unapotelea humo. Akigeuka kidogo, mwanga unamrudisha. Anapitia majina kama anayetarajia kulikuta lake. Mwishoni anadhani mwanamke mmoja anajaribu kufuta majina, kumbe anamchana mtoto nywele. Anayetafuta hekima iliyotamkwa wazi hapo ataondoka mikono mitupu. Anayejua kutazama hatatoka upesi.

Sasa kuhusu ualimu, kwa ufupi. Marekani mshairi huishi zaidi kwa mshahara wa chuo kuliko kwa mauzo ya diwani. Mtindo huo ulishika mizizi tangu Chuo Kikuu cha Iowa kilipoanzisha programu yake ya uandishi mwaka 1936: wanafunzi huketi mezani, shairi la mmoja husomwa, wenzake hulichambua, naye mwenyewe aghalabu hutakiwa kunyamaza. Wapo wanaolalamika kwamba madarasa haya huzaa mashairi yanayofanana kama ndugu, na lawama hiyo ina ukweli wake. Komunyakaa alifundisha Indiana, kisha Princeton, na mwaka 2006 akahamia New York University. Yeye ni mtu wa jazi, na pamoja na Sascha Feinstein alihariri The Jazz Poetry Anthology (1991). Msisitizo wake kwa wanafunzi ni kusoma kwa sauti, kwa kuwa sikio hukamata neno la ziada ambalo jicho limelisamehe. Malenga wa Lamu au Pemba asingempinga.

Neon Vernacular (1993) ilimpatia Tuzo ya Pulitzer mwaka 1994, akawa mwanamume Mweusi wa kwanza kuipata kwa ushairi. Wanawake Weusi wawili, Gwendolyn Brooks na Rita Dove, walikuwa wameitwaa kabla yake. Wengi huanza na kitabu hicho kwa sababu ya tuzo. Nakushauri usianze nacho. Anza na Magic City, uingie Dien Cai Dau, ndipo ukifuate hicho cha tuzo. Na usisome kimyakimya.