Barua kwa Mkuu wa Wilaya Hazisimamishi Siku

Nikifika Kilwa Masoko au Lindi mjini, swali ni lilelile: "Wakili, nimechelewa kwenda mahakamani kudai fidia ya shamba, niandike sababu gani nisamehewe?" Anayeuliza huwa keshajijibu. Anafungua bahasha ya kaki na kutandaza barua mezani: ya mtendaji wa kijiji, ya afisa ardhi, ya mkuu wa wilaya, kila moja na muhuri wa "IMEPOKELEWA". Anaamini kwamba maadamu alikuwa akifuatilia, siku zake hazikuhesabiwa.

Zilihesabiwa zote. Imani hii imewanyang'anya haki watu waliostahili kulipwa, na nimechoka kuisikia ikirudiwa hata na viongozi wa vijiji. Mahakama ya Rufani ilishalimaliza jambo hili katika mgogoro wa kampuni ya P & O International na TANAPA: mazungumzo ya kutafuta suluhu kabla ya kufungua shauri hayasimamishi ukomo wa muda wa kushtaki. Mkuu wa wilaya akikwambia "tunalishughulikia", hajakupa hata siku moja ya ziada. Kikao hakikupi, ziara ya waziri haikupi, na muhuri wa masjala ya halmashauri unathibitisha tu kwamba ulijua una dai na hukwenda mahakamani. Watu wa Likong'o, ambako serikali ilitwaa zaidi ya hekta 2,000 kwa ajili ya mtambo wa gesi, walingoja hadi 2020 ndipo malipo yakaanza. Asije mtu akajifunza kungoja kutokana na hilo. Serikali ingeamua kubisha mahakamani, miaka ile ingekuwa silaha ya mawakili wake.

Tena wengi wanaomba msamaha mahali pasipohusika. Mahakama huongeza muda wa rufani na wa maombi. Shauri jipya lililopitwa na wakati, jaji hulitupa. Mwenye uwezo wa kuongeza muda wake ni Waziri wa sheria, naye chini ya Sheria ya Ukomo, Sura ya 89, hawezi kuvuka nusu ya muda uliowekwa. Na usijifariji na miaka 12. Hiyo ni ya kudai ardhi yenyewe. Fidia kwa jambo lililofanywa kwa mujibu wa sheria iliyoandikwa, jedwali la sheria hiyohiyo limeipa mwaka 1.

Kama ulishindwa Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, una siku 45 kukata rufani Mahakama Kuu. Omba nakala ya hukumu kwa maandishi mara tu inaposomwa. Barua hiyo ndiyo yenye thamani, kwa kuwa siku za kusubiri nakala huondolewa kwenye hesabu. Umechelewa? Peleka maombi na hati ya kiapo inayoeleza kila siku ya kuchelewa, hata ikiwa moja, maana ndivyo inavyotakiwa tangu kabla ya shauri la Lyamuya la 2010. Kiapo kikisema uliugua Machi hadi Juni na cheti cha hospitali kikaishia Aprili, Mei itakuumbua. Kutojua sheria hakukuokoi, wala uzembe wa wakili wako. Kama hukumu ina kosa la kisheria linaloonekana wazi, liseme. Tangu shauri la Valambhia la 1992 hiyo ni sababu tosha. Ulianzia mahakama isiyo na mamlaka kwa nia njema? Siku hizo nazo huondolewa. Unaishtaki serikali au halmashauri? Notisi ya siku 90 kwanza, kisha Mahakama Kuu, na Mwanasheria Mkuu aunganishwe, la sivyo shauri linaharibika.

Kama mthamini ameshapita shambani kwako na malipo hayaonekani, tafuta wakili au kituo cha msaada wa kisheria wiki hii, kabla hujaandika barua nyingine kwa mkuu wa wilaya.