Kumfundisha Mbwa Kutulia

Mbwa wangu Chui alikuwa hajatimiza mwaka mmoja alipomwangusha bibi kizee jirani yetu, aliyekuja kuazima ungo. Hakumwuma, alimrukia kwa furaha tu. Walakini bibi aliangukia mkono, na kwa majuma mengi hakuweza kusonga ugali. Nilimlipa, tena niliona haya sana. Watu wakanishauri, wengine nimfunge mnyororo, wengine nimpige mpaka akome.

Mnyororo niliujaribu. Mbwa aliyefungwa mchana kutwa hulimbika nguvu zake, na afunguliwapo hurukaruka maradufu. Fimbo nayo humfundisha kuuogopa mkono, na mbwa mwenye hofu ni mwepesi wa kuuma. Kosa langu nililitambua baadaye. Kila siku nilimkataza, "Usiruke! Acha!" wala sikumfundisha hata mara moja jambo la kutenda badala yake. Nami ni mwalimu! Kutulia ni kazi, nayo hufundishwa kama kusoma.

Basi twaa gunia kuukuu, ulitandike mahali penye kivuli. Kwanza mpeleke mbwa akakimbie shambani, maana mbwa mchanga asiyetoka hawezi kutulia. Kisha shika dagaa mmoja mbele ya pua yake, ukamshushe polepole mpaka chini, kati ya miguu yake ya mbele. Pua itamfuata dagaa, na mwili utaifuata pua. Kifua kikigusa gunia, mpe papo hapo. Ukikawia kwa muda wa pumzi mbili tatu atakuwa amekwisha inuka, nawe utakuwa umemlipa ujira wa kuinuka.

Siku za kwanza usiseme neno lo lote. Akiisha kuzoea kulala kila alionapo gunia, ndipo utangulize neno "Tulia," kwa sauti ya chini, mara moja tu. Neno kwa mbwa ni mlio mtupu mpaka lifungamane na jambo. Mtaalamu wa Urusi, Ivan Pavlov, aliyepewa tuzo ya Nobel mwaka 1904 kwa uchunguzi wake wa kusagwa kwa chakula tumboni, aliona mbwa wakidondoka mate kwa kusikia tu mlio uliozoea kutangulia chakula. Kwa hiyo watu wote wa nyumbani na watumie neno moja. Baba akisema "Tulia," mama "Lala," na watoto "Kaa," mbwa hana la kushika.

Sasa ongeza muda. Mpe kitu angali amelala, kwanza baada ya pumzi tatu, halafu kumi, hata ufikie kuchagua sinia zima la mchele naye yupo pale pale. Hapa ndipo wengi wetu hushindwa, kwa haraka. Akiinuka usimkaripie, umemdai kuliko uwezo wake. Mrudishe kwa upole, na safari ijayo umpe mapema zaidi. Wala asijiruhusu mwenyewe kuondoka. Umwambie "Haya," ndipo atoke. Dakika tano zatosha kwa somo moja, mara mbili au tatu kwa siku. Mwisho mtume mtoto mkubwa apige hodi, aingie, atoke, tena na tena, mpaka hodi yenyewe impeleke mbwa guniani.

Baada ya miezi mitatu bibi yule alikuja tena. Chui aliinua kichwa, akatikisa mkia, akabaki juu ya gunia lake. Bibi akapitia upande wa pili wa ua hata hivyo.